Kesi Inapofutwa Kabla ya Kusikizwa

Si kila kesi ya madai nchini Kenya huishia kwenye hukumu. Nyingine hufutwa kwa sababu aliyeifungua ameacha kuifuatilia, na tangu 2020 namna ya kuzifuta imebadilika kwa kiasi ambacho kila mdai anapaswa kukijua.

Msingi wake ni Amri ya 17, kanuni ya 2, ya Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai za 2010. Ukipita mwaka mmoja bila upande wowote kuwasilisha ombi au kuchukua hatua, mahakama inaweza kutoa notisi ikiwataka wahusika waeleze kwa nini kesi isifutwe. Mdaiwa naye halazimiki kungoja mahakama ianze. Anaweza kuomba mwenyewe.

Sababu zikishatolewa, majaji wengi hurejea kipimo cha Jaji Zacchaeus Chesoni katika kesi ya Ivita dhidi ya Kyumbu, iliyoripotiwa 1984. Je, ucheleweshaji ni wa muda mrefu na hauna udhuru? Na kama ni hivyo, bado haki inaweza kutendeka? Swali la pili ndilo huamua mengi. Mgogoro wa shamba ambao ushahidi wake wote umo katika hatimiliki na ramani unaweza kusikizwa hata baada ya miaka mitatu ya kimya. Lakini kama ni ajali ya barabarani na shahidi pekee ni utingo asiyejulikana aliko, mdaiwa atajitetea kwa ushahidi gani? Udhuru wa kwamba wakili alizembea hautoshi peke yake, kwa maana mahakama zimesema mara nyingi kuwa kesi ni ya mteja, naye ana wajibu wa kuifuatilia. Mazungumzo ya kupatana nje ya mahakama yanaweza kueleza kimya, ila si hatua katika faili.

Marekebisho ya 2020 yaliongeza kanuni ndogo ya 5: kesi isiyochukuliwa hatua yoyote kwa miaka miwili huhesabika imefutwa. Kifungu hicho hakitaji notisi. Kanuni ndogo ya 6 inamruhusu mhusika kwenda mahakamani baadaye, lakini mzigo umeshahama. Zamani mdai alitetea kesi iliyo hai. Sasa anaomba ifufuliwe, na huenda muda wa kufungua nyingine umekwisha. Madai ya fidia ya ajali, kwa mfano, yana ukomo wa miaka 3, na ya mkataba 6.

Mrundiko wa kesi ni tatizo la kweli, na mdaiwa hastahili kuning'inizwa na madai yasiyosonga. Hata hivyo, kufuta kesi bila kumwarifu mwenyewe ni kosa. Anayeumia zaidi ni mteja anayeambiwa kila akipiga simu kwamba tarehe haijatoka. Ibara ya 159 ya Katiba inataka haki isicheleweshwe. Ibara ya 50 inampa kila mtu haki ya mgogoro wake kusikizwa. Ujumbe mfupi wa simu kwa mdai, kabla ya miaka miwili kutimia, ungeheshimu zote mbili.

Kanuni haijabadilishwa kufikia hapo. Kwa hiyo, msomaji mwenye kesi, chukua nambari yake, nenda masjala uulize hatua ya mwisho ilichukuliwa lini, na kama inakaribia mwaka, mwambie wakili wako aombe tarehe wiki hii.