Fani Ibebapo Hoja: Muziki wa Gang of Four

Mara nyingi tuhakikipo muziki wenye siasa, tunayakimbilia maneno na kuuacha mlio wenyewe. Bendi ya Gang of Four ya Uingereza inatuonyesha upungufu wa njia hiyo.

Bendi hii ilianzishwa mjini Leeds katika nusu ya pili ya miaka ya 1970, wakati muziki wa panki ulipokuwa ukivuma. Jon King aliimba, Andy Gill alipiga gitaa, Dave Allen gitaa la besi, na Hugo Burnham ngoma. Santuri yao ndefu ya kwanza, Entertainment!, ilitolewa mwaka 1979. Dhamira yake kuu ni kwamba soko limekwisha kuingia hata katika mapenzi na starehe za binadamu.

Tutazame fani. Gitaa la Gill halimbembelezi mtu. Hukata kwa vishindo vifupi, vikavu, kisha likanyamaza. Besi na ngoma, zilizoathiriwa na fanki na rege, hushika uongozi. Hakuna chombo kinachotukuzwa juu ya vingine. Katika wimbo "Anthrax", sauti mbili husikika kwa pamoja: moja inaimba mapenzi kama maradhi, nyingine inajadili kwa maneno makavu sababu za bendi kuimba mno mapenzi. Msikilizaji hapewi nafasi ya kulewa, analazimika kufikiri.

Hata hivyo, ukinzani haukukosekana. Bendi iliyoikosoa biashara iliuzwa na EMI, kampuni kubwa ya kibepari. Mwaka 1979 BBC iliwaalika katika kipindi cha Top of the Pops, ikawataka wabadili neno katika wimbo wao. Waliposhindwa kuafikiana, waliondoka bila kupiga. Hapo walishinda. Lakini katika santuri ya Hard ya mwaka 1983, Allen na Burnham wakiwa wamekwisha kuondoka, mlio ulilainishwa na ule ukimya ukajazwa. Kejeli imebaki katika maneno, lakini haichomi tena. Muda mfupi baadaye bendi ilivunjika. Ilifufuliwa mara kadhaa, na Gill aliiongoza hadi alipofariki mwaka 2020.

Kwa maoni yetu, soko halikuwashinda kwa kuwanyang'anya maneno, bali kwa kuwalainishia mlio. Kwa hiyo mwanafunzi anayehakiki wimbo wa siasa asitosheke kuuliza unasema nini. Aulize pia: je, mlio wake unakubaliana na usemi huo, au unausaliti?