Jinsi ya Kumpima Mchekeshaji

Kuwachekesha watu jioni moja, wengi wanaweza. Kuwachekesha kwa zaidi ya miaka 30, wazazi kisha na watoto wao, ni kazi ya fundi. Benson Wanjau, ambaye Wakenya tulimjua kwa jina la Mzee Ojwang', aliifanya kazi hiyo katika vipindi vya televisheni vya Vitimbi na Vioja Mahakamani, tangu enzi za Sauti ya Kenya hadi KBC. Alifariki Julai 2015. Tanga nako alikuwepo Amri Athumani, King Majuto, aliyepanda jukwaani akiwa bado mtoto, akaja kutamba katika filamu za video, na kufariki Agosti 2018. Ukitaka kumpima mchekeshaji yeyote, hawa wawili ndio mizani.

Chunguza lafudhi. Hapa Manyatta, Embu, tuna masikio makali kwa jambo hili. Mchekeshaji wa mbali akijaribu kuiga "watu wa Meru", mara nyingi hutuchanganya sote, Mwimenti, Mmbeere na Mwembu, katika sentensi moja. Ukumbi hucheka, lakini mwenye lugha hajisikii humo. Jiulize: lafudhi ikiondolewa, kunabaki nini? Wanjau alikuwa Mkikuyu, lakini alimwigiza mzee wa Kijaluo hadi wengi wakaamini kwamba ni Mjaluo hasa. Muondolee Ojwang' lafudhi, bado utabaki na mzee mwepesi wa hasira, mwingi wa hila, anayepigania heshima yake mbele ya mke na majirani. Mzee huyo yuko Siaya, na hapa kwetu Kairuri pia yuko.

Zima sauti. Tazama onyesho bila kusikia neno. Majuto hufaulu mtihani huu kwa urahisi: uso wake husema kabla ya kinywa, na unajua ameshtuka, anadanganya au ananyemelea faida. Mchekeshaji ambaye mwili wake haufanyi kazi atalazimika kupiga kelele.

Mtazame mwenzake. Mchekeshaji dhaifu hutaka kila kicheko kiwe chake. Ojwang' alimwachia nafasi Mary Khavere, Mama Kayai wetu, aliyeigiza mkewe, na mara nyingi kicheko kikubwa kilitoka pale Ojwang' alipokuwa amenyamaza akikaripiwa. Walisikilizana kiasi kwamba watazamaji wengi waliwadhania mume na mke wa kweli. Msikilize anayejibu: anajibu alichoambiwa, au anasubiri tu zamu yake?

Kagua kisa. Hapa ndipo mwandishi anapimwa. Vioja Mahakamani ina msingi imara: shtaka, ushahidi, utetezi, hukumu. Kiswahili rasmi cha mahakama kinagongana na Kiswahili cha mshtakiwa, na kila uongo anaoutoa kujiokoa unazidi kumtumbukiza. Kicheko kinatokana na kisa chenyewe. Ukiweza kuling'oa tukio zima na hadithi isitikisike, lilikuwa limebandikwa tu.

Angalia nani anachekwa. Ucheshi unaodumu humgusa mwenye makuu, mlafi, mwongo, mwenye cheo kidogo na kiburi kikubwa. Unaomcheka mtu kwa kabila, ulemavu au umaskini wake huchuja mapema. Kipimo kizuri ni anayeigizwa mwenyewe: akicheka kwa kujitambua, kazi ni safi.

Rudia baada ya miaka. Kichekesho kilichotegemea habari ya wiki ile kitakuwa kimekufa. Kilichotegemea tabia ya binadamu kitakuwa kimekomaa, nawe utacheka mahali ambapo zamani hukupaona.

Naisisitiza mizani hii kwa sababu tumewazoea wachekeshaji wetu mno. Mzee Ojwang' alipougua macho, Wakenya walichangishana ili atibiwe. Ulikuwa wema mkubwa, lakini fundi wa kiwango chake hakustahili kutegemea mchango. Asiyejua ubora wa kazi hawezi kuitetea bei yake. Basi tujifunze kupima, kisha tulipie kazi njema wakati fundi mwenyewe angali jukwaani.