Ukimya wa Samehe: Amandina Lihamba na Filamu ya Uchokozi

Filamu humchokoza mtazamaji kwa njia mbili: kwa mwili au kwa swali. Ufilipino ilizijua zote. Baada ya *Uhaw* ya mwaka 1970, filamu zilizoitwa "bomba" ziliuza miili ya wanawake. Lakini mwaka 1976 Lino Brocka, katika *Insiang*, alimpa Hilda Koronel sehemu ya binti aliyenajisiwa, na aibu ikawarudia waliomdhulumu.

Tanzania nayo ilipata zama zake. Filamu za video zilipostawi baada ya mwaka 2003, nakala zilisafiri kutoka Dar es Salaam hadi vibanda vya Mbeya na Iringa. Lawama aghalabu ziliangukia mavazi ya mwigizaji. Mtunzi na mtayarishaji waliomvika hivyo hawakuulizwa neno. Uhakiki wa namna hiyo hupima kitambaa, ukaiacha sanaa.

Ndiyo maana yafaa kuitazama tena *Maangamizi* (2001), iliyoongozwa na Martin Mhando na Ron Mulvihill, ambayo Tanzania iliipeleka kugombea tuzo ya Oscar. Amandina Lihamba hakuiendea mikono mitupu. Alikwisha kuandika *Hawala ya Fedha* (1980), kutokana na kisa cha Sembène Ousmane, na *Mkutano wa Pili wa Ndege* (1992). Humo kote silaha yake ilikuwa maneno. Katika filamu akapewa sehemu ya Samehe, mgonjwa wa hospitali ya akili aliyenyamaza miaka mingi. Bingwa wa maneno akanyang'anywa maneno. Akabakiwa na uso na mwili.

Jina la Samehe ni amri. Jina la bibi wa kale amjiaye ni Maangamizi. Baina ya majina hayo mawili mwigizaji hana budi kuonyesha kwamba huyu asiyesema hajasamehe bado, wala hajaangamia. Kimya kingi kina mshindo mkuu. Na mwili huu haukuwekwa mbele yetu utamaniwe, bali utuulize.

Kasoro haikosekani. Anayepewa kazi ya kuuliza ni Daktari Asira, mgeni kutoka Marekani, hata Mtanzania humfikia Samehe kwa macho ya mgeni. Lakini kosa hilo ni la hadithi, si la mwigizaji.

Basi mwanafunzi wa Iringa au Mbeya, kabla hajamhukumu mwigizaji yeyote, na aulize maswali mawili: alipewa nini, na nani alimpa? Kisha ndipo apime alichokifanya nacho.