Asili si Maana: Tahakiki ya Jina Renesmee

Miongoni mwa maswali ambayo walimu na watumishi wa serikali huulizwa mara kwa mara ni hili: jina fulani maana yake nini? Kwa majina kama Neema, Subira na Tumaini jibu ni wazi, kwa kuwa yalikuwa maneno ya kawaida ya lugha kabla hayajawa majina ya watu. Lakini siku hizi wazazi wa nchi mbalimbali huunda majina mapya kwa kuunganisha vipande vya majina mawili, na hapo swali hilo hujibiwa kwa haraka isiyofaa. Katika makala haya tunakusudia kuhakiki jibu moja la namna hiyo, kwa sababu kosa lililomo ndani yake latugusa pia sisi tunaoshughulika na istilahi.

Jina lenyewe ni Renesmee. Lilibuniwa na mwandishi wa Kimarekani, Stephenie Meyer, katika riwaya yake Breaking Dawn iliyotolewa mwaka 2008. Humo, mhusika Bella anampa binti yake jina hilo kwa kuunganisha jina la mama yake mzazi, Renée, na jina la Esme, mama mlezi wa mumewe. Tangu hapo baadhi ya wazazi wamewapa watoto wao jina hilo, ingawa limebaki kuwa la nadra.

Mara nyingi huelezwa kwamba Renesmee maana yake ni "aliyezaliwa upya na kupendwa". Njia iliyofuatwa ni rahisi kuiona. Renée ni jina la Kifaransa litokanalo na neno la Kilatini renatus, yaani aliyezaliwa tena. Esmé nalo latokana na kitenzi cha Kifaransa cha kale, esmer, chenye maana ya kuthamini, ambacho baadaye kilichanganywa na kitenzi kingine chenye maana ya kupenda. Kwa hiyo hata hiyo nusu ya pili, "kupendwa", si tafsiri ya moja kwa moja. Tena, Esmé halikuanza kama jina la kike tu: Esmé Stewart, aliyepewa cheo cha Duke wa Lennox huko Uskoti mwaka 1581, alikuwa mwanamume.

Habari hizi zina faida, lakini ni habari za asili. Mtu akizijumlisha hapati maana ya Renesmee. Jina hili liliundwa ili mtoto mmoja abebe kumbukumbu ya wanawake wawili, na jambo hilo si geni kwa msomaji wa Kiswahili. Kwetu mtoto hupewa jina la bibi yake, naye bibi huwa ni somo wake. Renesmee ana somo kwa upande wa mama na somo kwa upande wa baba. Uhusiano huo ndio maana ya jina. Kuzaliwa upya na kupendwa ni historia ya vipande vyake.

Tofauti hii ina matokeo katika kazi ya mfasiri. Akilifasiri jina kwa kufuata asili, atawapoteza mabibi wote wawili. Yampasa aliache kama lilivyo, na zaidi ya hayo ahakikishe kwamba Renée na Esme nayo yanabaki katika tahajia yake, maana akiyabadili mawili hayo, msomaji hataona tena viungo vya lile la tatu.

Kwamba kuchanganya asili na maana kwaweza kupotosha kabisa, tunao ushahidi wa zamani zaidi. Jina Vanessa liliundwa na Jonathan Swift kwa ajili ya rafiki yake Esther Vanhomrigh: Van kutoka jina la ukoo, na Essa kutoka Esther. Lilitokea katika shairi lake lililochapishwa mwaka 1726. Mwaka 1807 mtaalamu wa wadudu wa Denmark, Johan Christian Fabricius, aliita jenasi moja ya vipepeo kwa jina hilohilo. Leo wako wanaoeleza kwamba Vanessa maana yake ni kipepeo. Hapa mambo yamepinduliwa: kipepeo ndiye aliyepewa jina, wala si jina lililotoka kwa kipepeo.

Nasi tunayo majina yanayohitaji uangalifu huohuo. Mwanaisha ni Mwana na Aisha, sauti a moja ikitumika pande zote mbili, kama vile e inavyotumika pande zote mbili katika Renesmee. Hapa Mwana ni neno la heshima kwa mwanamke, kama katika Mwana Kupona. Asili ya Aisha ni neno la Kiarabu lihusulo uhai, na kitenzi chetu kuishi kimetoka katika mzizi huohuo. Hata hivyo, mwalimu atakayewaambia wanafunzi kwamba Mwanaisha ni "mtoto anayeishi" atakuwa amekosea, ingawa kila kipande alichokitaja kina ukweli fulani.

Katika istilahi njia hii ya kuunda maneno huitwa uhulutishaji, na mfano mkubwa kwetu ni jina la nchi. Mwaka 1964, Tan ya Tanganyika na Zan ya Zanzibar ziliunganishwa, kikatiwa kiishio -ia. Mtu akijumlisha asili ya Tanganyika na asili ya Zanzibar hatapata maana ya Tanzania. Maana yake ni muungano wa nchi mbili. Vivyo hivyo neno Ukimwi. Liliundwa kwa silabi za Upungufu wa Kinga Mwilini, lakini msemaji halivunji vipande ndipo alielewe. Silabi yake ya kwanza imelitia katika ngeli, nasi twasema "Ukimwi umeenea" bila taabu.

Bali si kila neno la kuhuluti hufaulu. Chamcha na chajio yamo katika kamusi, lakini wasemaji wengi bado husema chakula cha mchana na chakula cha jioni. Twadhani sababu mojawapo ni kwamba silabi cha, ikisimama peke yake, haimwelekezi msikilizaji kwenye chakula zaidi ya kitu kingine chochote cha ngeli ya KI-VI. Kipande kilichobakizwa ni kile kisichobeba mzigo.

Riwaya ya Meyer yenyewe yatoa funzo kama hilo. Jina la pili la mtoto yuleyule ni Carlie, lililoundwa kwa majina ya mababu zake, Carlisle na Charlie. Hilo lapita kwa urahisi, kwa kuwa lafanana na majina ambayo Waingereza na Wamarekani wamekwisha kuyazoea. Renesmee, lililohifadhi karibu kila sauti ya majina mawili, ni refu na geni, na humohumo riwayani rafiki wa familia analifupisha kuwa Nessie, jina la utani la dude linalosimuliwa kuwamo katika ziwa la Loch Ness, jambo linalomuudhi mama mtu. Mwundaji ana haki ya kuunda, lakini watumiaji ndio wenye uamuzi wa mwisho.

Kutokana na hayo, twapendekeza kwamba katika kamusi, orodha za istilahi na maelezo ya darasani, asili ya neno la kuhuluti iandikwe mahali pake na maana yake mahali pake. Mzazi anayeuliza maana ya jina aelezwe kwanza limeundwa kwa majina ya nani na kwa nini. Asili ya kila kipande ifuate. Nasi tunaounda istilahi, kabla ya kulipeleka neno kwa watumiaji, yatupasa tujiulize ni kipande gani kinachobeba maana, na kama tumekibakiza.