Karani wa Majeraha

Katika mji wa Bunia, jimboni Ituri, asubuhi ya Jumatatu, kabla vumbi jekundu halijatimuliwa na msururu wa pikipiki zinazowahi sokoni, yupo mama mmoja aketiye mbele ya rundo la fishi za hospitali zilizoachwa na zamu ya Jumamosi na ya Jumapili, ambaye kazi yake, isiyojulikana na wagonjwa na aghalabu kusahauliwa na matabibu, ni kuupa msiba wa kila majeruhi herufi moja na tarakimu tatu. Hashoni jeraha wala hafungi plasta. Walakini mimi niliyepata bahati ya kukaa ubavuni pake siku nyingi, nikimtazama jinsi alivyokuwa akisita kabla ya kuandika, nimeona kwamba sanaa yake inastahili sifa ambayo sijaisikia ikitolewa na mtu yeyote, na kwa hiyo naitoa hapa.

Fishi ya kwanza niliyomwona akiishika ilikuwa imeandikwa na mkono wa tabibu aliyechoka. Palikuwa na herufi tatu, AVP, ambazo katika Kifaransa cha hospitali zetu muradi wake ni ajali ya njia ya umma, na chini yake maneno machache: muundi wa mguu wa kulia umevunjika, mfupa umetokeza nje ya ngozi. Kwa tabibu hayo yalitosha, maana ameuona mguu wenyewe. Karani naye, kwa upande wa jeraha, hakuwa na taabu: katika Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa, tunaoujua kwa herufi za CIM, toleo la kumi, muundi uliovunjika katikati una alama yake, S82.2, na ukipenda kuongeza tarakimu ya kuonyesha kama ngozi imepasuka ama haikupasuka, huongeza moja kwa iliyopasuka na sifuri kwa iliyosalimika. Lakini kitabu hicho hakiridhiki kujua kilichovunjika. Chataka pia kujua kimevunjwa na nini, na hapo ndipo alama ya pili inapodaiwa, ile ianzayo kwa herufi V iwapo msiba umetokana na chombo cha usafiri. Na alama hiyo haiwezi kupatikana kwa kuutazama mguu, hata ukiutazama mchana kutwa.

Basi mama yule aliinuka, akaichukua fishi, akaenda hadi wodini. Kijana alikuwa amelala, mguu umeinuliwa juu ya mto.

"Pole, mwanangu. Ulikuwa unaendesha wewe, ama ulibebwa?"

"Niliendesha mimi, mama. Nilikuwa na bidoni mbili za mafuta nyuma."

"Uligongana na kitu?"

"Hapana. Gurudumu liliingia katika mfereji uliochimbwa na mvua, likanitupa."

"Ilikuwa barabarani?"

"Si barabara, mama. Ni ile njia ya kushukia machimboni."

"Na njia hiyo hupitwa na nani?"

Kijana akashangaa kuulizwa jambo lililo wazi namna ile. "Na watu wote. Tangu wazee wetu."

Maneno hayo ya mwisho ndiyo aliyokuwa akiyatafuta. Mpanda pikipiki aliyeanguka bila kugongana na chochote huandikwa V28. Aliyegonga mtu au mnyama huandikwa V20, na mbuzi wa Bunia wanajua kuiongeza hesabu hiyo. Aliyegongana na lori ama basi huandikwa V24. Lakini tarakimu iliyo baada ya nukta yauliza mambo mawili kwa pamoja: majeruhi alikuwa dereva au abiria, na ajali ilikuwa ya njia ya umma au ya mahali pengine. Dereva aliyeanguka nje ya njia ya umma ni sifuri. Aliyeanguka njiani ni nne. Msomaji asiyelijua jimbo la Ituri angedhani ya kwamba kijana yule, aliyesema kwa kinywa chake kuwa pale si barabara, amekwisha kuichagua sifuri. Mama karani aliandika nne, naye alikuwa sahihi, kwa kuwa kitabu hakiijui barabara kwa lami yake, wala kwa kokoto zake, wala kwa kibao kilichosimamishwa na serikali, bali huihesabu kuwa njia ya umma ardhi yoyote iliyo wazi kwa watu wote kupita na kupitisha mali zao, ama kwa haki, ama kwa desturi.

Ama kwa desturi! Sijui ni nani aliyelitia neno hilo katika fasili, lakini natamani ningempa mkono, maana kwa neno hilo moja vichochoro vyote vya Ituri vimeingizwa katika hesabu ya dunia: njia za mlimani zinazoteremka kutoka Bogoro kuelekea Kasenyi na ziwa, ambako samaki hupandishwa migongoni mwa pikipiki, njia za Djugu zinazozunguka vilima kuelekea Mongbwalu, ambako dhahabu imechimbwa tangu zama za Wabelgiji, na zile zisizo na jina, zilizofunguliwa na nyayo kisha zikapanuliwa na magurudumu. Kama mama yule asingeuliza swali lake la mwisho, ajali ya kijana ingehesabiwa miongoni mwa zile za viwanjani na mashambani, na mtu atakayeketi kesho kuhesabu ni njia zipi za umma zinazovunja miguu ya watu asingeiona.

Iko katika fahirisi hiyo hiyo alama nyingine, V86, iliyowekewa wapandao vyombo vilivyoundwa makusudi kwa ajili ya kwenda nje ya barabara, pamoja na vile vipitavyo juu ya theluji. Na kanuni yake imegeuzwa kichwa chini, kwani ajali ya chombo cha namna hiyo hudhaniwa kuwa imetokea nje ya njia ya umma mpaka ithibitike vinginevyo, ilhali ya vyombo vingine vyote hudhaniwa kuwa ya njiani. Karani wa Bunia aweza kustaafu asiwahi kuiandika. Kitabu huuliza chombo kiliundwa kwa kazi gani, hakiulizi kimetumikishwa kazi gani. Na pikipiki yetu ndogo, iliyoundwa kwa barabara za mji, ikabebeshwa mbao, magunia, mama na watoto wawili, ikavushwa vijito na matope ambayo gari la miguu minne lingeyaogopa, hubaki kuwa pikipiki tu. Naliona hilo kuwa pungufu la kweli, wala halimhusu karani. Yeye hana ruhusa ya kuandika V86 kwa sababu ya huruma.

Fahirisi hii ina nasaba ndefu. Mwaka 1893 Jacques Bertillon, mwanatakwimu wa Paris, aliiweka orodha yake ya sababu za vifo mbele ya Taasisi ya Kimataifa ya Takwimu iliyokutana Chicago. Mwaka 1948, chini ya Shirika la Afya Duniani, likatoka toleo la sita, lililoanza kuwahesabu wagonjwa walio hai pamoja na maiti, na kulipa jeraha alama mbili, ya umbo lake na ya chanzo chake. Toleo la kumi liliidhinishwa mwaka 1990, na la kumi na moja lilianza rasmi tarehe 1 Januari 2022, ingawa meza nyingi duniani zingali zikitumia la kumi. Tunaposoma leo ya kwamba ajali za barabarani huua watu wapatao milioni 1.19 kila mwaka, yafaa tukumbuke kuwa jumla hiyo ni makadirio, na sababu moja ya kukadiria badala ya kuhesabu ni kwamba nchi nyingi hazina meza za kutosha kama hii ya mama yetu.

Lakini ugumu wa kazi hii katika jimbo lililotiwa chini ya utawala wa kijeshi mwezi Mei 2021, nalo lilikuwa limekwisha kuzoea vita kabla ya hapo, hauko katika pikipiki peke yake. Siku moja ilifika fishi nyingine yenye herufi zile zile, AVP, ya mtu mzima aliyepasuka kisogoni. Mama karani alimwendea. "Papa, ulianguka namna gani?" Mtu yule akasema alianguka. Akamwuliza tena, kwa upole, kama alianguka chali ama kifudifudi; akasema kifudifudi, kisha akageukia ukutani. Aangukaye kifudifudi hapasuki kisogo. Mwingine angeandika V28 na kufunga daftari, na mwingine, mwenye pupa ya ujuzi, angejihukumia mwenyewe kuwa hilo ni shambulio na kuiandika alama yake. Yeye hakufanya lolote kati ya hayo, kwa kuwa karani si kadhi, na hofu ya mgonjwa ni amana. Alichukua kalamu ya risasi, akaandika pembeni mwa fishi swali dogo, akairudisha kwa tabibu. Jioni tabibu alikitazama kidonda upya, akazifuta zile herufi tatu kwa mkono wake mwenyewe.

Huo ndio uhodari ninaousifu. Kitabu kimemwekea karani tarakimu ya tisa kwa mambo yasiyoelezwa, nami nimemwona akiiandika bila haya pale alipouliza na asipate jibu, lakini sikumwona akiiandika kwa kuona uvivu wa kuinuka kitini.

Fishi ya mwisho ya siku ile ilikuwa ya mtoto wa miaka minne. Alikuwa akikimbiza mpira uani, shavu la mguu likagusa bomba la moshi la pikipiki iliyokuwa imetoka safarini muda si mrefu, na ngozi ikaumuka malengelenge. Kuungua kwa mguu ni T24. Kugusa injini yenye moto ni X17, na sifuri baada ya nukta maana yake ni nyumbani. Haikuwa ajali ya usafiri, maadamu chombo kilikuwa kimesimama na hakuna aliyekipanda. Mamake, aliyekuwa amempakata, alikuwa akiufuata mkono wa karani kwa macho.

"Umeandika nini, mama?"

"Nimeandika kwamba ameungua mguu, ni nyumbani, na pikipiki ilikuwa imesimama."

"Ni kweli. Ilikuwa ya mjomba wake. Alikuwa amekuja kutuletea mahindi."

Kwa mjomba na kwa mahindi hakuna tarakimu katika juzuu zote za fahirisi ile. Mama karani akaichukua tena kalamu ya risasi, akayaandika pembeni.