Kejeli Iliyogeuka Jina

Aghalabu mtoto hupewa jina na mzazi. Harakati ya uchoraji iliyozaliwa mjini Paris mwaka 1874 ilipewa jina na aliyeikejeli, na jina hilo ndilo leo linalojaza watu katika majumba ya sanaa ya Ulaya na Marekani. Kisa chake kimesimuliwa mara nyingi mno hata kimekuwa mfano wa hadithi ya watoto: palikuwa na wachoraji wema, palikuwa na wahakiki wajinga, na wema wakashinda. Maonesho ya "Paris 1874", yaliyofanyika katika jumba la Musée d'Orsay kuanzia Machi hadi Julai 2024 kuadhimisha miaka 150, kisha yakahamia Washington, yaliwapa watazamaji fursa ya kukipima upya.

Mambo yenyewe ni haya. Zama zile mchoraji wa Ufaransa hakuwa na mlango mkubwa wa kupitia ila Salon, maonesho rasmi ambayo waamuzi wake waliweza kumkaribisha mtu au kumrudisha na turubai lake kwapani. Desemba 1873, Monet, Renoir, Degas, Pissarro, Berthe Morisot na wenzao wakaunda ushirika wao. Tarehe 15 Aprili 1874 wakafungua maonesho katika iliyokuwa studio ya mpigapicha Nadar, barabara ya Boulevard des Capucines. Waamuzi hawakuwapo; kiingilio kilikuwa faranga 1. Kwa muda wa mwezi mmoja waliingia watu wapatao 3,500. Kabla ya mwaka kwisha ushirika ulivunjwa, kila mwanachama akidaiwa faranga 184 na nusu.

Miongoni mwa picha zile ilikuwamo moja ya Monet, ya bandari ya Le Havre alfajiri, ambayo jina lake kwa Kiswahili laweza kuwa "Taathira: Jua Lichomozapo". Mna ukungu, moshi, milingoti, vidau na jua la rangi ya chungwa. Ajabu ya jua hilo ni kuwa halikuishinda mbingu kwa mwanga: picha ikigeuzwa ya nyeusi na nyeupe, jua karibu litoweke. Linawaka kwa rangi yake tu, chungwa juu ya buluu ya kijivu. Mkaazi wa pwani anajua kuwa mchoraji hakukosea. Saa ile chombo huonekana kama fununu kabla hakijawa chombo.

Louis Leroy wa gazeti la Le Charivari alilichukua neno hilo la Kifaransa, impression, yaani taathira, akalifanya fimbo. Makala yake ya tarehe 25 Aprili ni mazungumzo ya kubuni, ambamo mchoraji mzee hupungukiwa na akili kila afikapo mbele ya picha nyingine. Haki isemwe: Leroy aliona vizuri. Aliona nyayo za brashi zimeachwa wazi, aliona kazi haikukamilishwa kwa kanuni za chuo. Macho yake yalikuwa mazima. Kilichompotosha ni kipimo, kwani alikipima kitambaa kwa pishi. Siku nne baadaye Castagnary, akizungumzia maonesho yaleyale, alieleza kuwa watu hawa huchora hisia inayoachwa na mandhari. Wapenzi wa ushairi, waliokwisha kusikia shairi lisilo na vina likikanwa kuwa si shairi, hawahitaji kufasiriwa tofauti hiyo.

Sifa kubwa ya maonesho ya 2024 ni kuziweka picha za studio ya Nadar karibu na zile za Salon ya mwaka uleule. Mpangilio huo uliivunja hadithi ya watoto. Katika wachoraji 31 wa 1874, wenye umaarufu wa dunia leo ni saba tu. Wengine walichora kwa desturi, na baadhi yao walionesha pande zote mbili. Manet, ambaye wengi humdhania kiongozi, hakushiriki hata mara moja katika maonesho manane yaliyoendelea hadi 1886. Pissarro peke yake ndiye aliyeshiriki yote.

Lawama pia ipo. Palitolewa miwani ya kielektroniki ya kumrejesha mtazamaji katika usiku wa ufunguzi wa 1874. Kuwafunika watu macho ili kuwakaribia wachoraji waliofundisha kuitazama nuru kwa macho matupu ni kuwatendea kinyume wenye karamu.

Bado hatari iliyo kubwa zaidi ni mapenzi yasiyo na kazi. Picha hizi zimechapwa katika kalenda na vikombe hata jicho hupita juu yake bila kukwama. Leroy alizitazama, kisha akazichukia. Wengi leo huzipenda kabla ya kuzitazama, na baina ya wawili hao, aliyeiheshimu zaidi picha ya Monet ni yule aliyeitukana.