Chungu cha Maji, Kikapu cha Udongo: Vurugu ya Mwanzo katika Nagona, Mzingile na Simulizi ya Nachituti ya Ziwa Mweru

Kiswahili hakina neno lililo tayari kwa vurugu inayodhaniwa kutangulia uumbaji. Machafuko hutokana na kuchafuka, na kinachochafuka, iwe bahari au nchi, sharti kilipata kutulia kwanza. Vurugu humtaka mvurugaji, tena na kitu kilichokuwa kimetengamaa. Hata watafsiri wa Biblia, walipofika kwenye aya za kwanza za Kitabu cha Mwanzo, waliazima ukiwa, neno la mahame na la mfiwa: mahali palipokuwa na watu, wakaondoka.

Jambo hili lina uzito katika kuzisoma Nagona (1990) na Mzingile (1991) za Euphrase Kezilahabi. Uhakiki mwingi umezikabili riwaya hizi kwa mwanga wa Nietzsche na wa usasabaadaye, na katika usomaji huo ni rahisi kuichukua vurugu ya ulimwengu wake wa kubuni kuwa ile ya Wayunani wa kale, ombwe lililokuwapo kabla ya miungu na ambalo kila kitu kilichipuka kwalo. Matini zenyewe hazikubali. Msafiri wa Nagona hapiti katika nchi ambayo haijaumbwa. Anapita katika nchi iliyojaa wafu wenye majina makubwa, kila mmoja na mfumo wake wa fikra uliokwisha kuporomoka. Katika Mzingile giza huja baada ya maangamizi yaliyoletwa na binadamu. Kwa hiyo nguvu inayotawala ulimwengu huo ni ukiwa kwa maana kamili ya Kiswahili, yaani kilichosalia baada ya mahusiano kukatika.

Ufuko wa Ziwa Mweru unatoa kipimo kizuri cha dai hili. Kezilahabi alizaliwa Namagondo, Ukerewe, kisiwani ndani ya ziwa jingine, lakini ulinganisho huu hautegemei athari yoyote baina ya matini hizi. Kiswahili nacho si mgeni hapa: Livingstone alipofika kwa Mwata Kazembe mwaka 1867 alimkuta Mohamed bin Saleh, mfanyabiashara aliyekwisha kuishi huko miaka mingi, na hadi leo anayevuka kutoka Nchelenge kwenda ng'ambo ya Kongo anakutana na lugha hii sokoni.

Simulizi ya Nachituti inajulikana kote katika bonde la Luapula. Nkuba, mtawala wa Washila waliokuwa wakivua ziwa hilo, alimuua mtoto wa dada yake Nachituti, akaifanya ngozi yake kuwa tandiko la kukalia. Mama alipogundua alikimbilia kwa Mwata Kazembe wa Walunda kuomba kisasi. Nkuba akauawa. Nachituti akampa Kazembe kikapu cha udongo na chungu cha maji: nchi na ziwa.

Msomaji asiyezingatia ukoo wa kukeni ataona hapa ukatili wa kawaida wa mfalme. Kwa wanaorithishana kwa upande wa mama, mtoto wa dada ndiye mrithi. Nkuba anaikalia ngozi ya kesho yake mwenyewe. Vurugu haitoki majini wala porini. Inazaliwa katika kiti cha enzi, mahali ambapo utaratibu ulitakiwa kuwa na nguvu zaidi, na inatulizwa pale tu mkono mmoja unapokabidhi na mwingine unapopokea. Maji ya simulizi hii hayakuwahi kuwa ombwe. Yana chungu, na chungu kina mtu aliyekishika.

Hata hivyo, simulizi hii si nyofu. Inamfaa mno aliyeshinda. Historia ya Walunda iliyotayarishwa kwa Kibemba na Mwata Kazembe XIV Chinyanta Nankula ilichapishwa mwaka 1951, chini ya utawala wa kikoloni, wakati ambapo haki ya kutawala ilihitaji kuthibitishwa kwa maandishi. Zawadi huuvisha utekaji nguo ya hiari, na ukatili wa Nkuba unafanya utawala wa Washila uonekane kama fujo iliyokuwa ikimsubiri mkombozi. Ngoma ya Mutomboko, inayochezwa na Mwata kila mwaka mwishoni mwa Julai huko Mwansabombwe, ni ngoma ya ushindi. Ngoma kuu ya Nagona huyeyusha madaraja, hii huyathibitisha. Mhakiki anayesifu utaratibu bila kuuliza umemgharimu nani atakuwa amesoma nusu ya simulizi.

Swali hilo si la vitabuni tu. Sera inayolitazama ziwa kuwa halina mwenyewe hadi serikali ifike inarudia hadithi ya ombwe la Wayunani kwa lugha ya utawala. Mwanahistoria David Gordon, ambaye kitabu chake cha 2006 kinabeba jina la zawadi ya Nachituti, ameonyesha kuwa umiliki katika bonde hili ulikuwa kwanza uhusiano baina ya watu. Mpumbu, samaki aliyekuwa akipanda Luapula kwa makundi makubwa kutaga mayai, aliadimika katikati ya karne ya 20, katika miaka ya biashara iliyolisha miji ya migodi, wala haikuwa enzi isiyo na maofisa. Leo uvuvi hufungwa kuanzia Desemba hadi mwisho wa Februari. Mvuvi wa Nchelenge huitii marufuku hiyo au huikwepa, lakini hakuna anayemkabidhi chungu.

Hapo pia ndipo Mzingile inapopungukiwa. Riwaya inafungwa kwa dokezo la mwanzo mpya, mwanamume na mwanamke katika nchi iliyoteketea. Kezilahabi amewafuta wote waliokuwapo ili wawili hao waanze bila deni. Nachituti asingewaamini. Angetaka kujua kwanza ni ngozi ya nani iliyotandikwa chini yao.